Siku Redio Aliponyamaza

Kinyozi yule alibandikwa jina la Redio kwa sababu mdomo wake haukuwa na swichi. Alinyoa huku akisimulia mpira, siasa na umbea wa mtaa mzima. Mkewe alisuka nywele chumba cha pili cha saluni yao. Pazia tu ndilo lililowatenganisha.

Asubuhi moja mashine ya kunyolea ilianguka sakafuni. Mkewe akamsikia mumewe akimwambia mteja, "Samahani, kijiko... kijiko changu kimelala mlango."

Wateja wakaangua kicheko. Redio na vituko vyake! Mkewe naye akacheka, akafunua pazia ili amtanie. Kicheko kikamkauka. Mdomo wa mumewe ulikuwa umepinda. Mkono wa kulia ulining'inia kama si wake.

"Mume wangu, una nini?"

"Mlango," akajibu, macho yamemtoka. "Mlango!"

Mdogo wake Redio alikuwa amekaa kwenye benchi. "Shemeji, kaka kachoka tu. Mlaze, ataamka mzima."

Jirani yao, mwanamke anayefanya kazi hospitalini, alikuwa anapita nje. Alitupa jicho moja, akaingia mbio.

"Asilazwe! Hiki ni kiharusi. Mdomo umepinda, mkono umelegea, maneno yamevurugika. Hospitali, sasa hivi! Na msimpe hata maji, yatampalia."

Redio aliponea chupuchupu. Lakini alirudi nyumbani na neno moja tu: "mlango". Njaa, mlango. Kiu, mlango. Watu wakamsemesha kama mtoto mchanga. Wengine wakanong'ona kuwa amerukwa na akili, na mkewe, Mungu amsamehe, akaanza kuamini.

Siku moja yule mdogo wake Redio alikuja sebuleni. Redio alikuwa pale pale, kwenye kochi.

"Shemeji, tusidanganyane. Akili ya kaka imekwenda. Nimepata mtu wa kununua saluni."

Paa! Redio alipiga meza kwa mkono wa kushoto. Machozi yalimtiririka mashavuni.

Mkewe akamgeukia. Kumbe alikuwa anaelewa! Waliyoyasema yote mbele yake, aliyasikia!

Mkewe alitoka bila viatu hadi kwa jirani. Kazi ya jirani yule ilikuwa kuwafundisha wagonjwa kusema tena. Alikuja, akakaa karibu na Redio, akazungumza naye kwanza.

"Ubongo una nusu mbili," alieleza. "Nusu ya kushoto inaendesha mkono wa kulia. Na kwa watu wengi, kazi kubwa ya lugha iko huko huko kushoto. Kiharusi kilimpiga hapo. Ndiyo maana mkono na maneno viliondoka pamoja."

"Kwa hiyo si wazimu?"

"Hata kidogo! Akili anayo. Njia ya maneno ndiyo imeharibika. Semeni naye polepole, sentensi fupi. Mwulizeni maswali ya ndiyo au hapana. Aonyeshe kwa kidole. Na jamani, msimmalizie maneno. Mpeni nafasi."

Kisha akauliza, "Alikuwa akiimba?"

"Alikuwa akimwimbia binti yetu ili alale."

Jirani akaanza kuimba taratibu wimbo wa kubembeleza, bila maneno. Redio akafumba macho. Midomo ikacheza. "La-la mwa-na-ngu, la-la..."

Mkewe alishika kifua. Maneno yalikuwa yanatoka!

"Nusu ya kulia husaidia sana kwenye nyimbo," jirani alisema. "Si wote hufanikiwa hivi, lakini tuna pa kuanzia. Njooni kliniki."

Walikwenda, wiki baada ya wiki. Nyumbani walifanya mazoezi, kwanza kwa kuimba, kisha kwa kusema.

Miezi ikapita. Shemeji akaja saluni na yule mnunuzi, mtu mwenye nywele timutimu.

"Kaka, huyu ndiye mnunuzi niliyemsema."

Mkewe alitaka kujibu. Akauma ulimi.

"Si...," Redio alianza. Jasho likamtoka. Mnunuzi akatazama saa. Hakuna aliyemsaidia. "Si... si-u-zi. Siuzi!"

Redio akachukua mashine kwa mkono wa kushoto. Akamtazama mnunuzi kichwani, akapigapiga kiti.

"Kaa," akamwambia.