Siku Kinyanyua Alipojificha Ukunguni

Uzito ulirudi Skola akiwa bado hewani, katikati ya korongo, na mikungu mitatu ya ndizi kichwani.

Wazazi wenzangu, hapo ndipo msikilize vizuri, maana kosa lenyewe lilifanyika kabla. Mnamjua Kinyanyua. Kila siku ya tisa huchomoza mchana kweupe upande wa Kinole, duara la kijivu, kubwa mara tatu kuliko mwezi, akapita taratibu juu ya milima ya Uluguru. Akiwa utosini, kila kitu huwa chepesi. Kuku huruka juu ya paa. Watoto wachanga hufungwa kwa kamba kitandani. Wanawake wa milimani hubeba mizigo ya watu watatu wakashuka nayo sokoni Morogoro wakiimba. Lakini akigusa tu ukingo wa kilele cha Lupanga, uzito wote hurudi kwa mpigo mmoja. Kwa hiyo kabla hajagusa, kila mtu awe ametua mzigo na kukaa chini.

Siku ile, mwaka wa hamsini na tatu, ukungu ulishuka mapema. Regina alikuwa njiani na binti yake Skola, mwenye miaka kumi na sita, pamoja na jirani yao Salehe, mchuuzi wa machungwa.

"Mama Skola, tukizunguka kwa njia kubwa tutakuta soko limekwisha," Salehe alisema. "Turuke korongo. Leo ni sawa na kuruka mfereji."

"Kinyanyua yuko wapi? Mimi simwoni."

"Kwani hujisikii mwepesi?"

Alijisikia. Hilo ndilo linalomchoma mpaka leo. Hakumwona kwa macho, akaupima mzigo kwa shingo yake, akaona inatosha. Salehe akaruka, akatua ng'ambo kama jani. Skola akarudi nyuma hatua tano, akacheka.

"Mama, nitazame!"

Regina alimtazama. Alimwona binti yake anapaa, halafu anaporomoka kama aliyevutwa miguu kutoka chini. Wakati uleule shingo yake mwenyewe ilidondokewa na mikungu minne; akapiga magoti, ndizi zikasambaa. Kutoka chini ukaja mlio wa kitu kuvunjika, kisha kelele moja, kisha maji tu.

"Usishuke!" Salehe alipiga kelele kutoka ng'ambo. "Mama Skola, mila unaijua!"

Aliijua. Anayeanguka siku ya Kinyanyua ni wa Kinyanyua. Hafuatwi wala hasemeshwi mpaka Kinyanyua arudi siku ya tisa, kusudi aliyeanguka asivute wengine.

"Na siku tisa hizo atakunywa nini?"

"Wazee hawakuwa wajinga, dada yangu."

"Hawakumzaa Skola."

Akafungua kamba za mgomba zilizofungia mikungu, akaziunga, akazifunga kwenye shina la mti na kiunoni mwake. Akashuka kinyumenyume, tumbo likikwaruza mwamba, vidole vikitafuta nyufa zenye ukoka. Kamba ilikatika kabla hajafika. Hatua za mwisho aliporomoka, magoti yakachunika mpaka nyama nyeupe.

Skola alikuwa amelala juu ya jiwe bapa, mto ukipita chini yake kidogo. Mguu wa kushoto ulipinda mahali pasipo na kiungo.

"Chezesha vidole."

"Vinachezeka. Mama, nilidhani huji."

"Funga mdomo. Fungua, unywe."

Alikamua kwa pindo la khanga maji ya kuvumwani iliyoota mwambani, tone kwa tone. Akavunja fito mbili, akaunyoosha mguu na kuufunga nazo. Skola aliuma mkono wa mama yake mpaka damu ikatoka, na Regina hakuuondoa. Ndipo mvua ikaanza, na mto ukaanza kulamba jiwe.

Juu hakupandiki. Chini, kwa kufuata maji, pengine. Lakini peke yake asingeweza kumbeba.

"Salehe! Maji yanapanda! Shuka, au nenda nyumbani ukawaambie wake zako ulitushauri turuke, kisha ukatuacha!"

Mvua ikapiga. Kisha vijiwe vikaanza kudondoka, na nyuma yavyo matusi.

"Wallahi wakinitenga, utanipikia wewe," Salehe alisema alipotua.

"Nitakupikia. Mchicha tu, kila siku."

Hata Skola alicheka, halafu akalia.

Walikata miti miwili, wakafungia khanga na shuka la Salehe, wakapata machela. Usiku waliupitisha wameegemeana chini ya mwamba. Asubuhi walishuka ndani ya maji, mara kiunoni, mara kifuani, machela juu ya mabega. Mara mbili Regina aliteleza, mara mbili akazama bila kuachia mti. Walikula ndizi mbichi zilizoletwa na mto. Mchana bega la Salehe lilitoka mahali pake. Akalirudisha kwa kulibamiza kwenye jiwe, wakaendelea. Mguu wa Skola sasa ulikuwa umevimba, unang'aa, na una moto.

Jioni wakatokea kwenye nyumba za kwanza chini ya mlima. Hospitali ilikuwa bado mwendo wa saa mbili, na Salehe hakuweza kuinua tena. Wanaume sita walikuwa wanatoka shambani. Walipoiona machela walijua, maana jana ilikuwa siku ya Kinyanyua. Wakageuza nyuso.

"Tusaidieni," Regina alisema.

Siku ya tisa ilikuwa mbali.

Ndipo Skola akajiinua kwa kiwiko, midomo imepasuka.

"Shikamoo, babu," alimwambia wa kwanza. Kimya. "Shikamoo, baba." Kimya. "Shikamoo, baba mdogo." Akawaamkia mmoja mmoja. Alipofika kwa wa sita, akarudi kwa wa kwanza. "Shikamoo, babu."

Yule mzee, Alois, alibana midomo. Taya likamcheza. Maisha yake yote hakuwahi kuiacha shikamoo ya mtoto ikining'inia hewani.

"Marahaba," ikamtoka. "Marahaba, mjukuu wangu." Akajilaani, akatupa jembe, akashika mti wa machela. "Haya na ninyi, mnangoja nini? Nimeshamsemesha!"

Wakaja wengine wawili, halafu wote.

Regina hakuwashukuru. Alishika upande wake, akasema, "Twendeni, kabla mtoto hajachoka kuwaamkia."