Matawi ya Mforsadi kwa Bibi Hadicha

Asubuhi moja Oydin alikuwa akiwatandazia majani ya mforsadi viwavi wa hariri wa mama yake, mara mlango wa ua ukagongwa. Nje alisimama mvulana asiyemjua, begi mgongoni, viatu vya mjini vimejaa matope.

"Asalaam aleikum. Hapa ni kwa Bibi Hadicha?"

"Nyumba ya pili. Wewe nani?"

"Sardor, mjukuu wake, natoka Tashkent. Bibi amevunjika mkono, nimekuja kumlishia viwavi. Kwani wanakula nini?"

"Pilau!" Oydin alicheka hadi majani yakamwanguka.

Mforsadi wa Bibi Hadicha ulikuwa umeunguzwa na baridi. Oydin akaahidi kumpelekea matawi kila alfajiri, mpaka viwavi waache kula na kuanza kusuka vifukofuko vyao vya hariri. Wakipeleka matawi ndani, yeye na Sardor walinyamaza wakisikiliza maelfu ya midomo ikitafuna, kama mvua inayonyesha chumbani. Siku hizo Oydin alitembea kama aliye ndotoni. Hata mikate aliisahau tanurini, ikaungua.

Siku ya kumi akajikaza. "Sardor, mimi nakupenda. Nilitaka tu ujue."

Sardor aliinamisha uso. "Oydin, wewe ni rafiki yangu mwema. Lakini mimi sijisikii hivyo. Sitaki kukudanganya."

Oydin alikimbia nyumbani akilia, akamweleza binamu yake Gulnoza.

"Na majani bado utapeleka? Huna haya! Waache viwavi wafe njaa, ndipo atakutambua!"

Jioni Oydin hakugusa chakula. Mama akaketi karibu naye.

"Nimejiaibisha, Mama. Siendi tena kule."

"Umesema kweli, hiyo si aibu. Naye amekujibu kweli, hilo si tusi. Moyo wa mtu haulazimishwi, mwanangu. Lakini ahadi uliitoa mwenyewe, na viwavi wa Bibi wamebakiza siku chache tu waanze kusuka. Wasipokula sasa, kazi yake yote imepotea."

Alfajiri Oydin alikata matawi. Mashavu yalimwaka alipogonga mlango. Sardor alifungua, wote wawili wakatazama chini.

"Wamemaliza yote ya jana," alisema Sardor taratibu.

"Basi kesho nitaongeza."

Akaongeza, kesho yake na siku nyingine tatu, huku Gulnoza akimcheka langoni. Asubuhi ya tano Bibi Hadicha mwenyewe ndiye aliyemfungulia, kidole midomoni kumwashiria asikilize. Oydin alitega sikio, mzigo ungali begani. Chumbani mvua ilikuwa imekoma. Viwavi walikuwa wakisuka.