Mwizi Aliyebadilisha Maji ya Maua

Kibanda kilikuwepo, maua yalikuwepo, biskuti za sadaka zilikuwepo. Jizo mwenyewe hakuwepo.

Inspekta Kusuda Morihiko alipiga magoti mbele ya kile kibanda cha mbao, mkanda ukimbana tumbo, akatazama mahali ambapo sanamu ile ndogo ya jiwe ilikaa tangu kabla babu yake hajazaliwa. Kwenye vumbi palibaki duara tupu. Nyuma yake Uchochoro wa Kengele mzima ulikuwa umesimama, aproni kwa aproni, kama watu waliofiwa.

Walikuwa na haki. Jizo ndiye mlinzi wa watoto, na kesho yake ilikuwa sikukuu yake. Taa za karatasi zenye majina ya watoto wa mtaa zilishatundikwa, peremende zilishanunuliwa. Sikukuu ya Jizo bila Jizo ni harusi bila bibi harusi. Watu wa Osaka hunyamaza wakiwa usingizini tu, tena si wote. Asubuhi ile walinyamaza wakiwa macho, na Kusuda akaogopa kidogo.

"Nani alimwona mara ya mwisho?"

"Mimi," alisema Bwana Nukui, muuza mitalawanda na mwenyekiti wa mtaa. "Leo hii hii, nikifungua duka. Kisha wakapita watalii. Walipoondoka nikaja kufagia. Hayupo."

"Watalii wa nani?"

Nukui akageuka, na uchochoro wote ukageuka naye. Pembeni alisimama mwanamke wa makamo, ameshika fimbo yenye pweza wa kitambaa juu yake. Pweza alikuwa anatabasamu. Mwenye pweza hakuwa.

Jina lake Isogai Chidori. Kazi yake ilikuwa kuwatembeza wageni kwa miguu, ziara fupi ya kuonja jiji: kutoka stesheni, kuvuka daraja la mfereji, kupita uchochoroni hapa, kuishia sokoni. Kwa pweza yule alikuwa amemlea binti yake na kumsomesha. Sasa Nukui alikuwa ameshatamka mbele ya watu wote kwamba Jizo asiporudi kabla ya sikukuu, uchochoro utafungwa kwa watembeza wageni. Kampuni ya Chidori nayo ilishampigia simu na kumwambia kwa upole sana kwamba uchochoro ukifungwa, na yeye akapumzike. Upole wa namna ile unauma kuliko matusi.

Mtaalamu wa alama za vidole alifanya kazi yake akatoka amekata tamaa. Alikuta vidole vya mtaa mzima, kuanzia vitoto hadi vikongwe, maana kila apitaye humgusa Jizo. Kusuda akaangalia eneo la tukio upya. Kitambaa chekundu anachovalishwa Jizo shingoni kilikuwa kimevuliwa, kikakunjwa vizuri na kuwekwa pembeni. Akachovya kidole kwenye chupa ya maua. Maji yalikuwa mapya, bado ya baridi.

"Mwenyekiti, umebadilisha maji haya?"

"Bado."

"Basi mwizi ndiye aliyeyabadilisha."

Nukui alikunja uso. Akaeleza kwamba kitambaa huvuliwa mara moja tu kwa mwaka, kabla ya sikukuu, wakati Jizo anaoshwa na kupakwa uso: poda nyeupe, nyushi nyeusi, midomo myekundu. Kusuda akauliza nani humpaka. Mwaka jana mtoto wa Nukui ndiye aliyempaka, na mwaka huu angempaka tena jioni ile. Kabla ya hapo kazi ilikuwa ya mzee Senzaki Umeji wa nyumba ya mwisho, aliyekuwa mchoraji wa mabango ya sinema. Mkono wake ulianza kutetemeka, wakaona wasimsumbue.

"Yeye alisemaje?"

"Alishukuru sana."

Kusuda akafunga kijitabu chake. Akamwendea Chidori, akauliza ziara nyingine inaondoka lini. Mchana, akajibiwa. Akasema atakwenda nayo.

"Kama polisi?"

"Kama mtalii. Nataka kuona ulichokiona."

Chidori alimpima kwa macho, kuanzia kiatu hadi upara. "Kwenye msafara wangu hakuna vyeo, Inspekta. Utabandika kibandiko, utavaa kofia, utamfuata pweza."

Basi mchana jitu zima likasimama stesheni na kibandiko cha njano kifuani, kidude cha kusikilizia sikioni na kofia ya kuazima, katikati ya wanandoa wa Sapporo na wanafunzi wa kigeni. Kusuda alizaliwa katika jiji hili, akasomea humu, akawakimbiza wezi wa baiskeli humu, lakini hakuwahi kutembezwa. Ni kama mpishi asiyewahi kukaa mezani. Alijiandaa kuchoka.

Hakuchoka. Chidori alikuwa na ulimi wa pilipili na sukari. Darajani aliwaonyesha mfereji, akasema maji yake hunywa taa za matangazo kila jioni, ndiyo maana yanalewa hivyo. Aliwaambia kwamba hapa mtu akikudhihaki amekupenda. Akikuita mheshimiwa, rudi ukatafute kosa lako. Wageni wakacheka. Kusuda alijikuta ametoa simu na kulipiga picha daraja analovuka kila siku kwenda kazini, akatazama huku na huku kama ameiba.

Wakaingia uchochoroni. Mlangoni kabisa kulikuwa na kibanda cha vitumbua vya pweza cha shangazi Tsuneko, ambaye amemlisha Kusuda tangu anavaa kaptula za shule. Wageni wote wakamzunguka. Tsuneko akamwangalia Kusuda, macho yakaishia kwenye kibandiko. Akamwekea vitumbua, akaanza kusema polepole, kwa sauti ya kumsemesha kiziwi.

"Umetoka Tokyo, mwanangu? Pole sana. Kula, utapona."

Kusuda akavua kofia. "Shangazi, ni mimi. Mori."

Kijiti cha kugeuzia kikamtoka shangazi mkononi. "Wewe! Na huo utalii umeuvaa wa nini? Nimekuzidishia mchuzi nikidhani mgonjwa!"

Kila mtu alicheka isipokuwa Kusuda. Alisimama na kitumbua cha moto mdomoni, machozi yanamlenga, na kesi nzima ikamgeukia kichwani. Wao walikuwa wakitafuta mgeni. Lakini mwanamke huyu, anayeweza kukuambia nani kakohoa jana nyumba ya ngapi, alikuwa ameshindwa kumjua mtoto aliyemlisha mwenyewe. Kibandiko kile kilitosha kumfuta mtu uso.

Akamvuta Chidori kando, karibu na kibanda kitupu cha Jizo. Kutoka pale kwa shangazi hakionekani, kona inakificha.

"Asubuhi, wageni wako walikula hapa?"

"Wote hula hapa."

"Kuna aliyekuwa na mzigo?"

"Mzee mmoja. Kofia, barakoa, sanduku la magurudumu. Nilimwambia aliache kwenye makabati ya stesheni, akasema lina dawa zake."

"Darajani alipandaje ngazi?"

"Nilimbebea mwenyewe. Jepesi, kwa kidole."

"Na ngazi za kutokea, kule sokoni?"

Mkono wa Chidori ukaenda taratibu kiunoni.

"Kiuno kinaniuma tangu asubuhi, Inspekta."

Kusuda akakitazama kiuno, kisha kibanda kitupu.

"Usiniambie nimembeba Jizo."

"Sijasema kitu."

"Nimemtorosha kwa mikono yangu. Nikamwambia na yule mzee ajihadhari na ngazi."

Alikuwa na picha ya kundi la asubuhi, ile ambayo kila ziara huishia nayo, vidole viwili juu. Kusuda aliikuza. Vidole vya wote vilionekana wazi, hata vya mtoto aliyekuwa akirukaruka. Nyuma kabisa, chini ya kofia, mkono mmoja tu ulikuwa ukungu, umetetemeka mpaka picha ikashindwa kuushika.

Akamtuma Chidori amalize ziara yake, kwani wageni walilipa. Aliporudi, Kusuda alimchukua yeye na Nukui, wakaenda hadi nyumba ya mwisho.

Mzee Senzaki alifungua mlango akiwa na poda nyeupe hadi kwenye viwiko. Hakuuliza wamefuata nini. Aliinama, akawaonyesha pa kuvulia viatu.

Jizo alikuwa amekaa juu ya magazeti, katikati ya mkeka. Ameoshwa akang'aa. Uso ulikuwa mweupe, macho yametulia, ushi mmoja mzuri kama mwezi mwandamo. Ushi wa pili ulikuwa umepanda juu ukapinda, kama mtu anayesikiliza umbea na hautaki uishe. Mdomo ulikuwa bado.

Chidori alianza kucheka, akajiziba kwa mkono wa shati.

"Mzee Senzaki," alisema Kusuda, "umemchukua wewe?"

"Mimi."

"Kwa ziara ya watalii?"

"Usiku dirisha la Tsuneko halilali. Mchana nikitoka hata na debe tupu, watatu wananiuliza naenda wapi. Mtalii na sanduku lake haulizwi. Nilitokea naye sokoni, nikarudi kwa njia ya nyuma kama mtu aliyetoka safari."

"Kwa nini?"

Mzee akamtazama Nukui, kisha akatazama mkeka.

"Walinipa tikiti."

"Tikiti?"

"Mwaka jana. Tunda la gharama, lile la sanduku na utepe. Mwenyekiti alikuja na wenzake, wakainama wote, wakaniambia nimetumika sana, sasa nipumzike. Mabango ya sinema yalikwisha, mke wangu akaondoka duniani, nikawa nimebaki na uso huu mmoja wa kuchora kwa mwaka. Nikainama, nikasema asanteni."

"Ungekataa."

"Watu wamekujia na tikiti, Inspekta. Unakataaje?"

Hakuna mtu katika uchochoro ule, wala katika jiji lile, aliyewahi kukataa tikiti.

"Nilitaka kumrudisha leo jioni, kimya kimya," mzee aliendelea. "Lakini ushi huu. Nimeufuta, nimeurudia, nimeufuta. Mkono unakwenda unakotaka. Nikasema siwezi kumrudisha akiwa hivi, watajua walikuwa na haki."

"Na mimi?" Chidori alisema. Sauti yake haikuwa na pilipili tena. "Wanataka kunifukuza kazi kwa ajili yako, mzee wangu."

Senzaki aligeuka kwa mshtuko. Hilo hakulijua, alikuwa amejifungia ndani na brashi zake. Paji lake la uso likagusa mkeka. "Wewe, uliyenibebea. Ningejua ningejipeleka kituoni na rangi mikononi."

Nukui alikuwa bado amesimama, soksi moja imetoboka kidoleni. Akapiga magoti.

"Mzee, tulidhani umechoka."

"Nami nilidhani mmenichoka."

Mwenyekiti akamgeukia Chidori, akainama mpaka kipara kikaelekea kwake, akasema uchochoro uko wazi kwake leo na siku zote, na kwamba yeye mwenyewe ataipigia kampuni simu, kisha ataleta zawadi ya kuomba radhi.

"Chochote," alisema Chidori, "isipokuwa tikiti."

Kusuda akatoa kijitabu, kwa kuwa kazi ni kazi. Mtuhumiwa amekiri. Kielelezo kimepatikana, kizima, katika hali bora kuliko kilivyoibiwa. Aliuliza kama kuna mlalamikaji. Nukui akatazama dari, akasema yeye kama mwenyekiti haoni kilichoibiwa. Anachoona ni Jizo amepelekwa kupakwa uso, kama kila mwaka, na mpakaji amesahau tu kuaga.

"Basi tumrudishe," alisema Kusuda. "Watoto wanangoja."

"Mdomo bado," alisema Senzaki, kwa sauti ndogo.

Alichovya brashi kwenye rangi nyekundu. Ncha ikaanza kucheza hewani kama nzige, tone likaangukia gazeti. Nukui akasogea. Hakuichukua brashi. Alikishika kiwiko cha mzee kwa mikono miwili, taratibu, kama anayemshikia mtu ngazi, akazuia pumzi. Mkono ukatulia. Mdomo mwekundu ukajichora pale, mdogo, umefunga kicheko ndani yake, na ghafla ule ushi uliopinda ukawa umepata maana.

Chidori akaokota fimbo yake, akasema amechelewa. Hakuondoka.

"Inspekta," aliuliza Nukui bila kuachia kiwiko, "tunampeleka sasa?"

Kusuda alikaa chini, akanyoosha miguu kwenye mkeka wa mtuhumiwa.

"Kwa mujibu wa taratibu," alisema, "kielelezo hakibebwi rangi ikiwa mbichi."