Mkono Wangu Ulikutwa Kwenye Komeo

"Wametufungia! Jamani, wametufungia!"

Hiyo ilikuwa sauti ya mama mkwe wangu mtarajiwa, Bi Shamsa, akiupiga mlango wa nyumbani kwetu kwa viganja vyote viwili.

Nilikuwa jikoni uani, nimeshika sinia la pilau. Nikaliacha hapo hapo, nikakimbia!

Nikakuta komeo la nje limetiwa mpaka mwisho. Nikaweka mkono nilichomoe...

Na wanaume ndio wanarudi kutoka msikitini!

Sasa nyie pigeni picha. Wageni wetu wa kike wanalia ndani, mlango umekomewa, halafu mkono ulio kwenye komeo ni wa nani?

Wangu!

"Zuena! Unafanya nini?" baba yangu, Mzee Muhidini, alifoka.

"Nafungua, baba!"

"Unafungua au unafunga?" aliuliza Mzee Taufiki, baba mdogo wa mchumba wangu.

Nikamtafuta mchumba wangu kwa macho. Kheri alikuwa nyuma yao wote, kofia mkononi. Tukatazamana. Nikangoja aseme neno moja tu la kunitetea.

Akatazama chini.

Najua mtaniuliza kwenye komenti, "Kwani mlango kufungwa ndiyo nini?" Tulieni niwaeleze, ingawa kila nikieleza hasira inanipanda upya.

Mimi natembeza wageni kwa miguu kwenye magofu ya Kua, kisiwani Juani, hapa Mafia. Wanavuka kutoka Utende, nawapokea ufukweni, tunauzunguka mji wa zamani. Karibu kila tunaposimama ni habari ya vita. Hapa ndipo wanaposema waliingilia Wasakalava kutoka Bukini, yaani Madagaska, wakaua na kuteka watu. Pale jumba la wakubwa, kule msikiti. Halafu kuna ukuta mmoja... huo ndio ulioniharibia maisha!

Wazee wanasimulia kwamba Kua na Kisimani, mji mwingine wa kale upande wa pili wa Mafia, walikuwa watu wa kualikana. Siku moja Kisimani wakaunda jahazi, wakawaalika Kua kwenye sherehe ya kulishusha majini. Kufika huko wakawakamata watoto wa Kua, wakawalaza mchangani, jahazi likapitishwa juu yao.

Kua wakanyamaza. Miaka ikapita, nao wakawaalika watu wa Kisimani harusini kwao.

Wageni wakaketishwa chumba cha chini ya ardhi, wakaandaliwa vinono. Wenyeji wakawa wanatoka mmoja mmoja, mpaka akabaki mzee mmoja mcheshi anawachekesha. Wao wanacheka, huku nje mlango unazibwa kwa mawe. Hawakutoka tena, na yule mzee akafia humo humo.

Kweli au si kweli, Mungu ndiye ajuaye. Chumba chenyewe mimi sijakiona. Naonyesha ule ukuta wanaosema ndipo kilipokuwa, wageni wanapiga picha, tunasonga mbele.

Tatizo ni kwamba sisi wa Juani tunajihesabu damu ya Kua, na wapo watu wa Ndagoni, upande ule wa pili, wanaojihesabu damu ya Kisimani. Ukoo wa Kheri ndio hao. Wakialikwa kwetu watakula, watacheka, watatania, lakini watakaa karibu na mlango. Na mwenyeji mwenye adabu anauacha wazi hata kama mvua inaingia ndani.

Mmenielewa sasa?

Posa ilishakubaliwa, mahari ilishaletwa. Siku ile ukoo wa Kheri walikuja kupanga tarehe ya ndoa. Kwa kawaida yetu bwana harusi hajipeleki kwenye msafara kama huo, lakini Kheri akajipeleka. Mimi mjinga nikaona ni mapenzi!

Na ni yeye aliyetaka ndugu zake watembezwe Kua kabla ya chakula.

"Nitawapitisha msikitini na makaburini, basi," nilimwambia kwenye simu. "Ule ukuta nauruka."

"Usiuruke, Zu. Mama anapenda sana historia."

"Kheri, mama yako ni Mkisimani!"

"Ndiyo maana. Ukiuruka ataona unamficha kitu. Wasimulie yote, tena vizuri."

Nikamsikiliza. Mapenzi haya, jamani...

Asubuhi ile matembezi yalianza kwa raha. Bi Shamsa alinishika mkono kwenye njia ya mawe, akawa ananiita "mkwe wangu". Wifi zangu wanajipiga selfi. Mpaka tukafika ukutani.

Nikasimulia harakaharaka ili tupite. Kheri hakutaka tupite!

"Waonyeshe mlango ulikuwa wapi, Zuena."

"Wanasema ulikuwa hapa."

"Na waliokuwa ndani walipiga kelele?"

"Kheri, twende tukaone msikiti."

"Mama, umesikia? Walikuwa wanacheka tu, hawana habari!"

Bi Shamsa akaachia mkono wangu. Akajitanda kanga yake vizuri.

"Na hayo ya watoto, mwanangu, una hakika ni Kisimani walioanza?"

"Ndivyo tulivyosimuliwa, mama."

"Sisi tumesimuliwa vingine."

Kutoka hapo mpaka nyumbani hakuna aliyeniita mkwe.

Nyumbani wanaume wakakaa barazani, tukawakaribisha wanawake chumba cha mbele, pamoja na bibi yangu, Bi Somoe. Bibi akikaa na wageni anawachekesha mpaka mbavu ziwaume. Mlango niliuacha wazi kwa mkono wangu mwenyewe. Adhuhuri ikaadhiniwa, wanaume wakaenda kuswali. Mimi na shangazi Arafa tukawa uani tunapakua.

Ule mlango, na hatuna mwingine, una komeo la nje. Tunalitia tukienda baharini kuvuna mwani, mbuzi wasituingilie ndani. Ukilitia, aliye ndani hana ujanja.

Mengine mnayajua.

Niliufungua, Bi Shamsa akatoka machozi yanamtiririka.

"Ndiyo maana ulitusimulia kwanza!" alinipigia kelele. "Mlitaka tujue tunafanywa nini!"

"Mama, wallahi si mimi! Bibi yangu alikuwa ndani na nyinyi. Nimfungie bibi yangu mwenyewe?"

"Hata yule mzee alikuwa ndani!"

"Mama..."

"Tena na huyu alikuwa anatuchekesha, mlango ulipojipiga tukadhani ni upepo!"

Jamani! Ushahidi wangu wote ukageuka kesi! Nikimtaja bibi, ni yule mzee. Nikikiri niligusa komeo, nimekiri nilifunga. Masikini bibi amesimama mlangoni, anauliza mbona wageni wanavaa viatu na hawajala.

Waliondoka bila kuonja hata punje ya wali. Mnajua kwetu Pwani mgeni kukataa chakula chako maana yake nini.

"Ndoa hakuna," alisema Bi Shamsa. Wakashuka ufukweni.

Baada ya hapo ndipo nilipochoka kabisa.

Baba hasemi na mimi. Vijana wa Juani wanasema, "Waache waende, si ndio waliowaua watoto wetu?" Kwenye kundi la WhatsApp watu wa pande zote mbili wanatukanana kwa sababu ya jahazi ambalo hakuna hata mmoja wao aliyeliona! Watu wazima, wana simu janja, wanapigana vita vya watu waliokwisha kuwa mchanga!

Na hakuna mtu, hata mmoja, aliyeuliza swali jepesi kuliko yote: nani alitia komeo?

Baba alimpigia Kheri kuiombea ndoa. Hata kabla ya kuulizwa, Kheri akasema kwamba yeye alikuwa msikitini safu ya mbele, hakuona kitu. Kwangu mimi akatuma ujumbe mmoja tu: "Mama amekataa. Tumwachie Mungu."

Tumwachie Mungu! Mimi nimeshashona na nguo!

Nikasema hapana. Nilimpenda yule kaka, nisingekubali ndoa yangu ife kwa kosa la wafu. Nikavaa baibui, nikavuka mpaka Utende, nikapanda bodaboda moja kwa moja hadi Ndagoni.

Nilimkuta Bi Shamsa uani kwake anasuka ukili wa mkeka.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba." Hakuinua macho.

"Nimekuja kukuapia kwamba..."

"Usiape bure, mwanangu. Umeonekana."

"Nilionekana nafungua, mama."

"Umeonekana unafunga. Kheri kakuona kwa macho yake. Alisahau kofia barazani, akarudi kuichukua, akakuona unatia komeo."

Nikakaa chini bila kukaribishwa.

Kheri? Si ndiye alimwambia baba hakuona kitu?

Nilitaka kulia, lakini hasira ikatangulia.

"Mama, naomba nikuulize kitu kimoja tu."

"Uliza."

"Kama Kheri aliniona nakufungia, mbona hakukufungulia?"

Vidole vyake vikasimama kwenye ukili.

"Alikuwa hapo hapo barazani," niliendelea. "Kaona mama yake mzazi anafungiwa, tena siku ile ile mmetoka kusimuliwa habari ya chumba. Akachukua kofia akaenda kuswali?"

Bi Shamsa akautazama ule ukili, akautupa pembeni.

"Kheri! We Kheri!"

Alitoka ndani anajikuna kichwa. Aliponiona, akageuka kama anataka kurudi.

"Njoo hapa. Komeo kalitia nani?"

"Mama, si nilikwambia..."

"Nakuuliza tena, na usinidanganye mimi niliyekuzaa. Kalitia nani?"

Akaanza kuvuta uzi wa shati lake.

"Kheri!"

"Mimi."

Kha! Nilihisi nimesikia vibaya.

"Nilijua utaogopa, mama," alisema huku anaangalia kuku. "Nilijua mtaondoka na ndoa itavunjika. Sikujua utalia vile."

"Kwa nini? Huyu mtoto kakukosea nini?"

"Hajanikosea."

"Sasa?"

"Kuna mtu Kilindoni. Mwanahalima. Ana mimba yangu. Ningesemaje na nyinyi mmeshapeleka mahari?"

Kandambili ya Bi Shamsa iliruka ikampata begani. Ya pili ikampata mgongoni anakimbia!

Mimi nikabaki nimekaa pale chini. Nilijisikia mjinga, mjinga kabisa. Mtu niliyemvukia bahari kuja kumtetea ndiye aliyenichimbia shimo, na alikuwa tayari niitwe muuaji maisha yangu yote ili yeye asitamke neno moja!

Sasa mnadhani yaliishia hapo?

Yangekuwa yameishia hapo nisingeandika!

Ijumaa Bi Shamsa alivuka kuja Juani na Mzee Taufiki, wifi zangu na halua. Mbele ya watu akamshika bibi mkono, akaomba radhi, bibi akamsamehe huku akiulizia ile pilau ilikwenda wapi. Watu wakacheka. Tukala pamoja, Bi Shamsa akanishika shavu. Nikasema alhamdulillah, yamekwisha.

Baba akajikohoza.

"Basi sasa tupange tarehe."

"Tarehe ya nini, baba?"

"Ya ndoa."

"Ndoa ya nani?"

"Yako na Kheri! Kijana amekiri, ametubu. Na huyo wa Kilindoni atamwoa pia, dini imemruhusu."

Nikamgeukia Bi Shamsa. Nilijua yeye atanielewa.

"Mwanangu," alisema taratibu, "mimi nimekupenda wewe. Usiniache."

"Mama, mwanao alinifanya niitwe muuaji."

"Ni utoto tu ule."

"Ana mvi!"

"Zuena, adabu!" shangazi Arafa akanikemea.

"Sitaki."

"Fikiri kwanza," Mzee Taufiki akasema.

"Nimefikiri. Sitaki."

Hamtaamini kilichofuata. Mzee Taufiki na baba yangu, waliokuwa tangu siku ya komeo hata salamu hawapeani, wakasogea wakakaa mkeka mmoja wakisikitikia mabinti wa siku hizi. Shangazi na wifi wakaanza kusaidiana maneno. "Ana kiburi." "Simu zinawaharibu." "Anaturudisha kwenye uadui!" Mimi ndiye ninayerudisha uadui, nyie!

Kua na Kisimani waliuana, wakanuniana kizazi hadi kizazi, hakuna aliyewahi kuwapatanisha. Mimi nimewapatanisha kwa siku moja. Wamepatana kunikasirikia mimi!

Mpaka leo naandika hapa, baba hali chakula nilichopika. Bi Shamsa ananipigia kila siku kunibembeleza, na kila siku namjibu kwa heshima zote jibu lile lile. Usiku nalia, sitawadanganya. Asubuhi nanawa uso, nashuka ufukweni kupokea wageni.

Dada zangu, na kaka zangu pia, chukueni hili. Mtu akikataa jambo la leo kwa kisingizio cha ugomvi wa mababu, usihangaike na mababu. Wao hawana mdomo wa kujitetea, na ndiyo maana waoga wanawapenda sana. Mbane aliye hai.

Na wewe Kheri, najua unasoma, maana jina lako huonekana kila ninapoandika. Mimi nimesema "sitaki" mchana kweupe, koo mbili zimenizunguka, na baba yangu mwenyewe ananitazama kwa jicho la lawama.

Neno moja tu, Kheri. Na sikuhitaji komeo.