Ukiwa Hai Hutaniita Mama Mkwe

Mchana ule maji ya Kiyosaku yalinuka tope la mto. Aliyatema.

"Haya umeyateka wapi, bwana?" alimuuliza Tomekichi, mwenye ukumbi wa sinema.

"Bombani! Tangu lini umekuwa mwali wa kuchagua maji? Panda jukwaani, watu wamejaa."

Picha za siku hizo zilikuwa bubu. Kazi ya Kiyosaku ilikuwa kusimama kando ya kitambaa akiwasemea waigizaji wote, wanaume kwa wanawake, maneno aliyoyatunga mwenyewe. Mtaa mzima wa Asakusa ulimjua kwa sauti yake. Leo mama yake, Otatsu, alikaa mstari wa mbele na mchumba aliyemchagulia.

Na picha ilikuwa ya mwigizaji Sumino: binti anaachwa kwa sababu kijana anautii ukoo wake. Aliyaigiza, kisha yakamfika. Yeye na Kiyosaku walipendana, Otatsu akamfukuza mlangoni: "Mwigizaji? Ukiwa hai hutaniita mama mkwe!" Kiyosaku aliinamisha kichwa, akamtii mama. Siku ya tatu mto Sumida ulimtoa Sumino maiti. Na huyu bwana, hana hata haya, kila onyesho alimtia marehemu maneno mdomoni: "Nenda, mpenzi. Mtii mama. Nimekusamehe." Mimi simhurumii.

Picha ikafika hapo. Sumino akapiga magoti, lakini badala ya kuinama kama siku zote akainua uso, akamkazia macho Otatsu. Kiyosaku alifungua kinywa amsemee, na sauti iliyotoka ilikuwa ya mwanamke, nyembamba, ikigugumia maji kooni, na mpiga shamiseni, lile gambusi la nyuzi tatu, akaacha kupiga, na harufu ya tope ikajaa ukumbini, na midomo ya Sumino ikaenda sambamba na kila neno:

"Sijasamehe. Nani aliniuliza?"

Mchumba alikimbia bila viatu. Picha ilichomwa. Kasisi wa hekalu alifukiza ubani na kusoma siku tatu, Kiyosaku amelala hasemi.

"Ametoka?" Otatsu alimnong'oneza kasisi.

"Nadhani, mama. Nyumba imetulia."

Asubuhi ya nne Otatsu alimpelekea mwanawe uji wa mchele. Kiyosaku akaketi, akamtazama kwa upole, akafungua kinywa.

"Umeamkaje, mama mkwe?" alisema Sumino.