Siku Resho Zilipotoka Mafichoni

Akitoka shule, Noëlla hutwanga sombe, majani ya muhogo, nyuma ya nyumba yao, mtaa wa Kikula, mjini Likasi. Alasiri hiyo mchi ulikuwa bado hewani aliposikia watoto wakipiga kelele: "Kuran irudia! Kuran irudia!"

Lo! Umeme umerudi! Mchi ukatupwa huko. Kila nyumba ikawahi kuchomeka resho, lile jiko dogo la umeme, kwa maana nani ajuaye umeme utadumu hadi lini? Bukari, yaani ugali, hapa, maharage pale, friza na pasi juu yake, vyote kwa mpigo. Maji hayakupata hata kuchemka. Transfoma ya mtaa ikalia paa! na umeme ukakatika.

"Samaki wangu, jamani!" akalia Mama Germaine, mama yake Noëlla. Aliuza samaki wa Ziwa Tshangalele, na friza yake ilikuwa imejaa. "Wakioza tena, mwanangu, biashara imekufa. Tutarudi Kapolowe kulima, na shule ya hapa utaiacha."

Noëlla akakimbia kuwasha moto. Jioni hiyo waliwakausha samaki wote kwa moshi, lakini hawangeweza kuishi hivyo kila siku.

Kesho yake Papa Patrice, mkuu wa mtaa, akaja mbio. "Malalamiko tuliyopeleka tangu zamani yamesikika! Mamlaka ya serikali inayosimamia umeme inamtuma mkaguzi. Akiona transfoma haitoshi, kampuni ya umeme italazimika kuleta kubwa. Ndiyo sheria!"

Watu wakacheza barabarani. Lakini mtaa haukosi maneno. Mara ikanong'onwa kwamba mkaguzi anakuja kukamata resho na friza, eti ndizo zinazoua transfoma. Basi, ficha nikufiche! Resho zikaingia kwenye magunia ya makaa na chini ya vitanda. Mama Germaine naye akaifunika friza kitambaa cheupe, akaweka Biblia na maua juu yake, eti ni meza.

Mkaguzi, Madame Berthe, akapita nyumba kwa nyumba pamoja na Papa Patrice.

"Mnapikia nini hapa?"

"Makaa tu, Madame!"

Kila nyumba, makaa. Alipofika kwa Mama Germaine, alitikisa kichwa. "Kwa matumizi haya, transfoma mliyo nayo inatosha. Sina sababu ya kuibana kampuni."

Noëlla akashtuka. Kumbe wanajichimbia shimo wenyewe! Akamtazama mama, mama akamkonyeza anyamaze. Akakumbuka shule yake, akaondoa Biblia na maua, akavuta kitambaa.

"Madame, hii si meza, ni friza! Na tuko na resho mbili chini ya kitanda. Kila nyumba iko nazo. Kuran ikirudi, tunawasha zote mara moja!"

Papa Patrice akajikuna kichwa, kisha akacheka hadi machozi. "Mutoto anasema kweli, Madame. Minye niko na tatu."

Wee! Resho zikaanza kutoka kwenye magunia na chini ya vitanda, moja hata kwenye banda la kuku. Madame Berthe akaandika huku akitabasamu. "Sikuja kukamata jiko la mtu," alisema. "Kazi yangu ni kuona mnapata umeme unaowatosha."

Kabla ya msimu wa mvua kuanza, lori likaleta transfoma mpya, na watoto wakalikimbilia wakiimba. Siku ya kuwashwa, mtaa mzima ukachomeka resho kwa pamoja, watu wakabana pumzi. Transfoma ikatulia tuli. Vigelegele!

Mama Germaine akamkumbatia Noëlla kwa nguvu. "Hatuhami, mwanangu! Nilikukonyeza unyamaze, na nilikosea. Mficha maradhi, kifo humuumbua. Serikali iko na sheria ya kutulinda, lakini itatulindaje tukiificha shida yetu? Anayedai haki yake aanze kwa kusema kweli."