Machozi ya Baba Mdogo Masele

Kila Jumamosi jioni, Odeta akishafua sare na kuosha vyombo, aliketi sebuleni na baba yake mdogo, Masele, kutazama filamu. Nyumba hiyo ya Igoma iliachwa na marehemu wazazi wa Odeta. Walipofariki, kikao cha ukoo kilimpa Masele kazi ya kumlea binti huyo na kuitunza nyumba mpaka akue. Sasa Odeta alikuwa na miaka kumi na mitatu, na alimpenda sana baba yake mdogo.

Jumamosi moja walitazama filamu ya enzi za farasi na mapanga, iliyotafsiriwa kwa Kiswahili. Mtoto wa mfalme amefiwa na wazazi, na mlezi wake anauza ngome yake kwa siri. Lo, Masele alivyokasirika! Alijipiga paja, akasimama mbele ya runinga.

"Mla mali ya yatima huyu! Hata aibu hana!" alifoka, machozi yakimlengalenga.

"Baba, kaa basi, sioni," Odeta alimwambia akicheka.

Kesho yake Odeta alirudi kutoka kanisani, akapigwa na butwaa getini. Fundi alikuwa juu ya stuli, anapaka chokaa ukutani. Hapo marehemu baba yake aliandika kwa rangi nyekundu: NYUMBA HII HAIUZWI, ili kuwazuia matapeli. Neno la mwisho lilikuwa limeshafutika.

"Shikamoo. Nani kakutuma kufuta?"

"Marahaba. Mwenye nyumba, Masele. Si anauza?"

Anauza? Baba mdogo huyu huyu? Odeta alikimbilia uani. Kumbe ni kweli! Masele alikuwa na mnunuzi, pamoja na Mama Getruda, mwenyekiti wa mtaa. Majirani wa pande zote nao walikuwepo kuonyesha mipaka, maana ndiyo desturi kiwanja kinapouzwa.

"Ukoo umekubali," Masele alikuwa akisema. "Hata mtoto mwenyewe anajua."

"Mimi?" Odeta alipaza sauti. "Najua nini, baba? Jana ulimlilia mtoto wa kwenye filamu. Mimi je, nitalala wapi?"

Watu wote walimgeukia Masele.

"Masele," aliuliza Mama Getruda, "ukoo umekubali lini?"

"Haujakubali," alijibu kwa sauti ndogo. "Nimemlea miaka yote hii, nikaona na mimi nina haki."

"Makubwa haya! Yaani ulitaka kutufanya sote tushuhudie wizi?"

Mnunuzi aliondoka bila hata kuaga. Jumapili iliyofuata wazee wa ukoo walikuja kutoka Magu, wakaketi kikao mbele ya Mama Getruda. Walimvua Masele usimamizi, wakamkabidhi shangazi yake Odeta, Ng'washi, ahamie hapo kumlea.

Kabla kikao hakijafungwa, Mama Getruda alisimama. "Mwizi wa kwenye filamu kila mtu anamwona," alisema. "Kazi ni kumwona aliye ndani yako. Kulea si kumiliki. Nawe Odeta, kumheshimu mkubwa si kunyamaza anapokosea."

Masele alitoka na begi lake, macho chini. Odeta alikuwa mlangoni. Moyo ulimuuma, lakini alimwamkia kama siku zote.

"Shikamoo, baba."

Masele alisimama. Marahaba haikumtoka.